Lama Kanitemea Mate, Nimemkosea Nini? Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Ninafanya kazi kwenye shamba la mifugo huku Ohio, Marekani. Tuna kondoo, mbuzi wachache na lama tisa. Jumamosi geti hufunguliwa kwa wageni, na siku hizi familia zinazozungumza Kiswahili zimekuwa nyingi: Watanzania, Wakenya, Wakongo, wanakuja na watoto, mabakuli ya pilau na simu za kupigia picha. Maswali yao ni yaleyale, na mengi huanza mtu akiwa bado anajifuta uso. Nimeyaweka hapa ili nisiyarudie kila wiki.

Kwanza, lama ni mnyama gani?

Ni binamu wa ngamia asiye na nundu. Kwao ni milima ya Andes, Amerika Kusini, ambako watu walianza kumfuga yapata miaka 6,000 iliyopita kutokana na mnyama wa porini aitwaye guanako. Leo nchi yenye lama wengi kuliko zote ni Bolivia. Lama mzima ana kilo 130 hadi 200, na akinyoosha shingo anakutazama usoni kama mtu mrefu. Masikio yake yamepinda kama ndizi. Anacheua kama ng'ombe, ila tumbo lake lina vyumba vitatu, si vinne. Hilo la kucheua likumbuke, maana ndilo linaloleta balaa lote lililobaki kwenye ukurasa huu.

Kwa nini anatema mate?

Kwa sababu ana neno na mwenzake. Mara nyingi, tena nyingi sana, neno hilo halikuhusu wewe.

Lama wanaishi kundini, na kundi lina wakubwa na wadogo. Kila siku kuna ugomvi wa nani ale kwanza, nani alale kwenye kivuli, nani ampishe nani mlangoni. Lama hana pembe. Miguu yake ina vidole viwili vyenye nyama laini chini, si kwato ngumu kama za farasi. Taya la juu halina meno ya mbele. Kwa hiyo ugomvi mdogo anaumaliza kwa mate: mwenzake ananuka, anaudhika, anasogea, na hakuna aliyevuja damu.

Ugomvi wa chakula ndio unaoongoza. Novemba iliyopita nilikuwa nimeinama kati ya majike wawili, namimina punje kwenye hori. Mkubwa, yule mweupe mwenye jicho moja la bluu, aliona mdogo anatanguliza pua. Nikasikia mgurumo shingoni mwake, kama maji yanayopanda kwenye bomba. Nilikuwa na sekunde moja ya kuondoka na sikuitumia. Mdogo aliinamisha kichwa kwa ujuzi wa siku zote, na mzigo wote ukanishukia mimi: kijani, vuguvugu, kuanzia sikioni mpaka kwenye kola. Wote wawili wakaendelea kubishana kana kwamba sipo.

Sababu nyingine zipo. Jike humtemea dume asiyemtaka. Mama mwenye mtoto mchanga humtemea yeyote anayemkaribia mwanawe. Na lama aliyeshikwa akatwe kucha, achomwe sindano au anyolewe manyoya anaweza kutema kwa hofu au maumivu. Hapo ndipo binadamu anapolengwa kweli.

Kwetu kumtemea mtu mate ni tusi ambalo watu hupelekana nalo mpaka kwa balozi wa nyumba kumi. Ndiyo maana wageni wetu huumia zaidi ya Wamarekani, ambao hucheka. Lakini hata kwetu mate hayana maana moja. Mzee wa Kimaasai anaweza kumtemea mtoto mate kidogo na ikawa ni baraka. Lama hajafika huko kote. Anachosema ni "sogea".

Ni mate matupu au kuna kingine?

Inategemea amefika wapi kwa hasira. Kwanza hupuliza tu: hewa yenye manyunyu, kama mtu anayefyonya kwa nguvu. Huo ni ukumbusho. Akiwa anakula wakati huo, hutoka pamoja na punje zilizomo mdomoni, zinakupiga kama mchanga.

Akikasirika hasa, anavuta kutoka chumba cha kwanza cha tumbo, kule anakocheulia. Hicho si mate tena. Ni majani yaliyokwisha kuanza kuchacha, ya kijani kibichi, na harufu yake inashinda maelezo. Waliowahi kuchinja mbuzi na kufungua utumbo wako karibu kuielewa. Inaweza kuruka mita tatu, na shabaha yake ni nzuri kuliko unavyotarajia.

Nitajuaje kama anakaribia kutema?

Tazama masikio. Yakiwa wima au yameelekea mbele, anakuchunguza tu. Yakilala nyuma, yakabanwa shingoni, ameanza kuudhika. Kidevu kikipanda juu, pua ikaelekea mbinguni, bado kidogo. Ukisikia ule mgurumo kooni, chakula kimeshaanza safari.

Watu wengi huambiwa "masikio nyuma ni hatari" wakaogopa kila lama anayegeuza sikio moja kusikiliza gari. Angalia yote pamoja: masikio, kidevu, sauti. Na angalia anamtazama nani. Kama macho yake yako kwa lama mwingine nyuma yako, kosa lako ni mahali uliposimama.

Ile sauti laini ya "mmmm" mnayoisikia mkiingia zizini si dalili ya kutema. Lama huguna hivyo akiwa na wasiwasi, akiwa na udadisi, au mama akizungumza na mtoto wake.

Kashanitemea. Nifanye nini?

Funga mdomo. Nasema kwa uzoefu: watu wengi hufungua mdomo kupiga kelele, na lama akiwa bado na risasi ya pili, majuto hayatakusaidia. Geuza uso pembeni, inua mkono au kofia ikinge macho, kisha sogea kando hatua mbili tatu. Pembeni, si kinyumenyume. Ukirudi nyuma unabaki kwenye mstari uleule. Usikimbie, maana kukimbia kunalitisha kundi zima na watoto wenu wako humo ndani.

Kama una ndoo ya chakula, ondoka nayo au iweke mbali kwa utulivu. Ukiidondosha mbele yake umemlipa mshahara, na kesho ataomba kazi tena kwa njia ileile.

Baada ya hapo ni maji na sabuni. Ikiingia machoni, osha kwa maji safi yanayotiririka dakika kadhaa, usisugue, kwa sababu mara nyingi kuna vipande vya majani. Jicho likibaki jekundu au likiuma mpaka siku ya pili, nenda kwa daktari.

Hayo ni kwa mgeni. Kwa anayefanya kazi naye kuna nyongeza. Ukiwa unamvisha hatamu au unamkata kucha akakutemea, usiache palepale. Sema "hapana" kwa sauti ya kawaida, nzito, umalizie hata kucha moja, ndipo umwachie. Akijifunza kwamba mate yanamaliza kazi, utakuwa na lama wa kutema kila ukigusa mguu wake. Sisi tukijua kazi ni ya kuudhi tunamfunika pua kwa taulo kuukuu lililoning'inia kwenye hatamu. Anaweza kutema, lakini analitemea taulo.

Nikimtemea na mimi? Au nimchape kidogo?

Kuna baba mmoja alimrudishia, watoto wake wakiangalia. Lama alimtazama, akaweka masikio nyuma, akajibu. Mate ya binadamu hayafiki popote kwenye mashindano haya.

Kuchapa ni kubaya zaidi. Lama aliyechapwa usoni hujifunza kwamba mkono wa mtu ukinyanyuka kuna maumivu, basi anaanza kutema mapema zaidi, mkono ukiwa bado uko mfukoni. Nimewaona wa namna hiyo wakiletwa kutoka kwingine. Inachukua miezi mtu kuwagusa shingo.

Mate yake yana sumu au ugonjwa?

Sumu hayana. Yakianguka kwenye ngozi nzima hayafanyi kitu isipokuwa kunuka. Lakini ni vitu vya tumboni mwa mnyama wa zizini, na mifugo hubeba vijidudu kama salmonela bila kuonekana wagonjwa. Watoto waoshe mikono kabla ya kugusa chapati, waliotemewa na wasiotemewa. Mwenye kidonda kibichi akioshe mapema.

Jamaa zetu walioko Uarabuni huuliza kuhusu MERS, ule ugonjwa wa mapafu uliotambuliwa Saudia mwaka 2012. Huo unahusishwa na ngamia wa nundu moja. Kwa ngamia ushauri wa Shirika la Afya Duniani ni kuosha mikono kabla na baada ya kumgusa, na kutokunywa maziwa yake mabichi. Msiuhamishie kwa lama wa Ohio.

Nilisikia mate ya lama yanatibu korona. Kweli?

Mate hapana. Habari ya kweli iliyogeuzwa ni hii: lama na ngamia wana aina ya kingamwili (askari wa mwili dhidi ya vijidudu) ndogo kuliko za kwetu, jambo lililotangazwa mwaka 1993 na wanasayansi wa Ubelgiji waliokuwa wakichunguza damu ya ngamia. Kwa udogo wake, kingamwili hizo huingia mahali ambapo za kawaida hazifiki, ndiyo maana zilitafitiwa pia kwa ajili ya korona. Zinapatikana kwenye damu. Aliyekutumia video ya mate mjibu hivyo, kwa upole, kama ni mjomba wako.

Nguo iliyotemewa naweza kuswalia?

Aliyeniuliza kwanza ni shangazi yangu wa Tanga, aliyekuja kututembelea na buibui jipya. Nilimjibu ninachokifahamu: mate ya mnyama anayeliwa ni tohara, lakini kilichopanda kutoka tumboni, kwa madhehebu ya Shafi ambayo wengi wa pwani tunayafuata, kina hukumu ya matapishi, na matapishi ni najisi. Kwa hiyo tofauti ile ya manyunyu na kijani inarudi hapa. Kijani kikishakuingia, fua kabla ya kuswali. Ukitaka fatwa, muulize sheikh wako; mimi ni mchunga lama. Shangazi alifua mara tatu, na bado aliswali na khanga.

Wanasema jike akimtemea dume ujue ana mimba. Ni uongo wa wafugaji?

Si uongo, na hili ndilo jambo la lama ninalolipenda kuliko yote.

Jike wa lama hana siku za joto zinazojulikana kama ng'ombe. Yai lake hutoka baada ya kupandwa, si kabla. Kwa hiyo akiwa hana mimba na yuko tayari, dume akija hushuka chini, anakunja miguu na kulala kifudifudi, na dume humpanda hapo huku akitoa sauti kama mtu anayesukutua koo. Inaweza kuchukua dakika ishirini au zaidi, wengine wakitafuna nyasi pembeni bila habari.

Akishika mimba, homoni ya projesteroni inapanda na inabaki juu. Sasa mlete dume yuleyule aliyekubaliwa wiki mbili tatu zilizopita. Jike akimwona tu masikio yanalala, kidevu juu, anatema kijani, anapiga mateke, anakimbilia kona ya zizi. Wafugaji wanamleta dume hadi kwenye uzio na kusoma majibu hapo. Waingereza na Wamarekani wana jina lao la kipimo hicho, sisi shambani tunasema tu "kamkataa".

Mara ya kwanza kushuhudia nilimhurumia dume. Alisimama nyuma ya seng'enge, uso umejaa majani, mdomo wa chini umelegea, kama bwana harusi aliyerudishiwa barua.

Usikitegemee kipimo hicho peke yake, lakini. Jike mkali anaweza kutema bila mimba, na mpole anaweza kuvumilia akiwa nayo. Daktari wa mifugo huhakikisha kwa picha ya mawimbi ya sauti au kwa kupima damu. Mimba ikiwepo, ni miezi kumi na moja na nusu hivi, na huzaliwa mtoto mmoja. Mapacha ni nadra sana.

Mbona akishatema anabaki mdomo wazi, mate yanachuruzika?

Kwa sababu na yeye kaonja. Kile kijani kinamkera kinywani kama kinavyokukera wewe usoni. Mdomo wa chini unaning'inia, anakataa kula kwa dakika kadhaa, anatembea na sura ya mtu aliyetafuna muarobaini. Ndiyo maana lama mwenye akili hatemi ovyo. Ukimpa nyasi kavu kidogo atazitafuna kusafisha kinywa, au atazishika tu mdomoni.

Lama wa jirani anatemea kila mtu apitaye, kila siku. Ni tabia yake?

Ni malezi yake, kwa kawaida. Muulize jirani kama alimlea kwa chupa.

Mtoto wa lama aliyefiwa na mama, au aliyechukuliwa mapema kwa sababu ni mzuri kama mdoli, akilelewa na watu bila lama wenzake, hukua akidhani watu ndio lama wenzake. Kwa jike matokeo ni usumbufu: anakusukuma, anakutemea akitaka chakula. Kwa dume ni hatari. Akikomaa, karibu miaka miwili mitatu, ataanza kupigana nawe kama anavyopigana na dume mwingine: anakugonga kwa kifua, anauma miguu, anakuangusha na kukulalia. Dume mzima ana meno ya kupigania, makali kama kisu, ambayo wafugaji huyakata au kuyapiga tupa. Kumhasi baadaye husaidia kidogo, mara nyingine hakusaidii kabisa, na wapo waliolazimika kuuawa.

Hapa sina subira na watu. Mtoto anayehitaji maziwa apewe chupa, kisha aachwe kundini. Asilale sebuleni, asivalishwe skafu, asifundishwe kuruka kifuani kwa ajili ya video. Akiwa dume na amelishwa kwa chupa, ahasiwe mapema. Watu wanaocheka na lama wa miezi mitatu hawapo siku anapofikisha kilo 150.

Lakini huyo anayelinda kondoo wenu ni dume, na hatemi watu?

Huyo amehasiwa na alikulia kundini. Hapa Marekani lama hutumika kulinda kondoo dhidi ya koyote, yule mbwa mwitu mdogo. Anawekwa mmoja peke yake, kwani wakiwa wawili hupendana wao na kuwasahau kondoo. Akimwona koyote hupiga ukelele wa ajabu, kama gari lisilowaka, kisha anamfuata. Wageni anawatazama tu kutoka mbali. Mbwa wenu mwacheni garini.

Alpaka naye? Na ngamia?

Alpaka ni ndugu mdogo wa lama, nusu yake au chini ya hapo, masikio yake mafupi yamenyooka kama ncha ya mkuki, na hufugwa zaidi kwa manyoya. Anatema vilevile, na kwa sababu zilezile.

Ngamia anajulikana kwa wenzetu wa Marsabit, Wajir na Mandera, hawana haja ya kufundishwa nami. Naye akiudhiwa huvuta vya tumboni na kuvimwaga. Undugu huo si wa maneno: mababu wa wote walitokea Amerika Kaskazini, wengine wakaenda Asia na wengine wakashuka Amerika Kusini. Mwaka 1998 huko Dubai ngamia na lama walizalishwa kwa kupandikiza mbegu za ngamia dume kwa lama jike, akapatikana mtoto aliyeitwa Rama. Hakuwa na nundu.

Huko Andes wenyewe wanafanyaje?

Wanafanya kazi nao na hawawabughudhi. Lama kule amebeba mizigo tangu kabla ya dola la Inka, lililotawala kule kabla ya Wahispania kufika: chumvi, mahindi, viazi vilivyokaushwa. Mzigo wake ni kilo 25 hadi 35, basi. Ukimzidishia hulala chini. Ukimlazimisha ainuke, ndipo anatema. Mchungaji hachukui fimbo, anapunguza mzigo. Masikio wanayapamba kwa nyuzi za rangi kwenye sherehe za mifugo, na kinyesi kilichokauka wanakichoma kama kuni, maana juu kule miti ni shida. Lama anayeishi na wenzake maisha yote, wala halishwi mkononi na wageni, hana sababu kubwa ya kumtemea mtu.

Naweza kumlisha lama huku mwanangu akipiga picha?

Kwa ndoo ya shamba, kwenye uzio, lama mmoja kwa wakati mmoja. Wakija wawili, ondokeni. Msimshike usoni, watu hudhani anapenda kupapaswa pua kama farasi, na hapendi. Shingo chini kidogo au begani, kama amekubali kusogea. Na msisimame nyuma ya lama mwingine anayekula.

Harufu inatoka lini kwenye koti?

Loweka kwenye maji baridi kwanza, utoe majani yote, ndipo ufue kwa sabuni na siki kidogo, uanike juani. Jua la Dar lingemaliza kazi siku moja. La hapa Februari halina nguvu hiyo. Langu linaning'inia kwenye msumari nje ya mlango, mke wangu hajaliruhusu kuingia tangu Novemba.